Joto la Boila

Senge Dinah alinipeleka nyuma ya migomba, mahali ambapo sauti haifiki jikoni, akaniambia niingie nyumbani kwa kaka yangu.

Sikumwelewa. Nilidhani amesahau kitu humo ndani na anataka nimchukulie. Akanitazama kama mtu anavyomtazama ndama aliyekwama kichwa kwenye ndoo, kisha akarudia polepole. Mukhisa yuko Saboti kwenye kiwanda cha mbao, alisema, na hurudi hapa Mabanga mwisho wa mwezi tu. Mkewe Sellah analala peke yake. Ndoa imeingia mwaka wa tano na hakuna mtoto. Mimi ni mdogo wake wa tumbo moja, damu ni ileile. Mtoto atakayezaliwa ataitwa wa Mukhisa, na Mukhisa hatajua kitu, kwa sababu wako wanaume wengi upande huu wa Bungoma wasiojua kitu na wanalala usingizi mzuri.

Ilikuwa mwaka wa hamsini na tatu, nami nilikuwa na miaka ishirini na miwili. Nilimwambia senge kwamba mimi si jogoo wa kuazimwa.

"Jogoo hana maneno mengi hivyo," akasema. "Wewe kusoma kumekuharibu."

Lakini hakucheka. Senge alikuwa dada wa marehemu baba yetu, na ndiye aliyetulea mimi na Mukhisa mama alipofariki. Aliniambia yaliyobaki akiwa ameshika jani la mgomba na kulichana vipande vipande. Baba mdogo Zachary, aliyeshika boma tangu baba atutoke, alikuwa amekwisha kutuma habari Lwakhakha, kwa kina Sellah. Mahindi yakishavunwa, kaka zake waje wamchukue, na ng'ombe wa mahari warudi. Mukhisa atatafutiwa msichana mwingine. Kitu kimoja tu kingeweza kuzuia safari hiyo, nacho ni Sellah kushika mimba kabla ya mavuno.

Hapo ndipo nilipoona kwamba senge alikuwa akijaribu kumwokoa yule mwanamke. Hasira yangu haikupungua, ila ilikosa mtu wa kumwangukia.

Nilimkuta Sellah ameketi kwenye kivuli cha ghala anapukuchua maharagwe. Hakuinua uso.

"Shemeji, wamekwambia?"

Nikamjibu kwamba wameniambia.

"Basi sikia. Hiyo jembe iko hapo mlangoni nalala nayo kitandani. Ukija, utarudi Kitale na mkono moja."

Nilimwambia siji. Akacheka, na kicheko chake kikakatika katikati. Ndipo akaniambia mambo ambayo mwanamke hamwambii shemeji yake kwa kawaida. Alikuwa amekunywa mizizi ya kila mganga kuanzia Bungoma mpaka mpakani. Akina mama wa kanisa walikuwa wamemwekea mikono tumboni na kumwombea kwa sauti, wakimtaja kwa jina, huku watoto wakichungulia dirishani. Mwanamke mmoja alikuwa amemkanda tumbo mpaka akakojoa damu.

"Mimi nimekunywa dawa mpaka ulimi imekufa," alisema. "Lakini ndugu yako, hakuna mtu amempa hata kijiko moja. Hata kumuuliza tu, si hakuna."

Niliondoka Mabanga asubuhi iliyofuata na maneno hayo.

Kazi yangu ilikuwa kwenye shamba la maziwa la mzungu mmoja nje ya mji wa Kitale. Shamba hilo lilikuwa limeacha kufuga fahali. Mbegu ya fahali ilitoka Nairobi kwa gari la moshi, ndani ya chupa ndogo zilizowekwa kwenye themosi yenye barafu, na themosi ikafungiwa kwenye sanduku la mbao. Mimi ndiye niliyekuwa nikilipokea stesheni. Shambani alikuwepo Kipruto, kijana wa mlimani ambaye alikuwa amefunzwa kupandisha ng'ombe kwa mrija. Wazee wa kijijini kwao walimwita bwana harusi wa ng'ombe, naye aliwajibu kwamba harusi zake zote zilizaa, waulizane wao.

Kabla ya kumgusa ng'ombe yeyote, Kipruto alikuwa akitoa tone moja, akaliweka juu ya kioo na kulitazama kwa hadubini. Siku nyingine aliniruhusu nami nitazame. Mara ya kwanza nilipoziona mbegu zenyewe nilirudisha kichwa nyuma kama niliyepigwa. Zilikuwa nyingi kuliko watu wa soko la Kitale siku ya Jumamosi, kila moja na kichwa na mkia, zote zikikimbia kama zimeitwa.

Wiki ile niliyorudi kutoka nyumbani, lori letu lilivunjika ekseli kati ya stesheni na shamba. Dereva, mzee Gachanja, aliogopa sanduku lisije likapondwa tukiinua gari kwa jeki, basi akalitoa na kuliweka kando juu ya jiwe, kwa uangalifu mkubwa. Jiwe lilikuwa juani. Tulihangaika na ile ekseli mpaka jua likapita utosi. Tulipofika shambani barafu ilikuwa maji, na maji yenyewe yalikuwa kama ya kunawia.

Kipruto aliweka tone kwenye kioo. Alitazama kidogo tu, kisha akaniachia nafasi. Niliona umati uleule, vichwa vilevile na mikia ileile, lakini hakuna kilichotikisika. Zilikuwa zimetapakaa kama makapi yaliyoelea juu ya beseni.

Nilibisha. Nilimwambia chupa haikuchemka, ilipata uvuguvugu tu.

"Vuguvugu inatosha," Kipruto akasema. "Wewe unafikiri Mungu alisahau? Ini ameweka ndani. Figo, ndani. Moyo, ndani, na mbavu juu yake. Hizi mbili peke yake ameziacha nje kwa baridi, zinaning'inia kama mtu amefukuzwa nyumbani. Alikuwa na sababu, bana."

Nilimuuliza kama kwa mtu ni vivyo hivyo. Akasema ni vilevile. Akanisimulia habari ya fahali mmoja aliyemwona alipokuwa akifunzwa kazi, mnyama mkubwa wa sifa, aliyepigwa na homa ya kupe. Homa iliisha kwa wiki moja, fahali akawa anakula vizuri na kupanda kama kawaida, ila kila mbegu iliyotoka ilikuwa imekufa au imepinda. Mjinga angempeleka kwa mchinjaji. Wao walimpumzisha. Baada ya miezi kama mitatu mbegu zikarudi kuwa nzima, kwa sababu zile zilizoungua na homa zilikuwa zimekwisha na mpya zimekomaa.

"Kwa hiyo ng'ombe akikosa ndama," nikamuuliza, "mnaanza kumpima nani?"

"Fahali. Ni mmoja na majike ni arobaini. Utaanza na nani tena?"

Nilikaa kwenye ngazi ya banda nikiwa nimeshika kofia mkononi, na niliyekuwa nikimwona mbele yangu alikuwa kaka yangu Mukhisa, ameketi mahali pake pa heshima.

Lazima nieleze mahali hapo. Kiwanda cha mbao cha Saboti kilikuwa kwenye mteremko wa Mlima Elgon, na kule asubuhi baridi huingia mpaka kwenye meno. Misumeno ilizungushwa na injini ya mvuke, na boila yake ililishwa vipande vya magogo mchana kutwa. Juu ya mdomo wa tanuru palikuwa na ukingo wa matofali, upana wa kiti. Mkuu wa moto aliketi hapo. Aliangalia saa inayopima nguvu ya mvuke, aliwaamuru wapakiaji wa kuni, na alikuwa na joto wakati wengine wote wakitetemeka kwenye matope. Alivaa ngozi nene kiunoni kujikinga na cheche, na juu yake blanketi lililofungwa mapajani. Vijana walipigania ukingo ule kama watu wanavyopigania uchifu. Mukhisa aliupata akiwa bado kijana sana, mwaka mmoja kabla ya kumwoa Sellah, na aliporudi nyumbani kila mtu alijua kwamba mtoto wa Mabanga ndiye anayekalia moto wa Saboti.

Na kila mtu kiwandani alijua pia kwamba wakuu wa moto hawapati watoto. Hawakuficha. Walisema ni miti ya mlimani inayolipiza kisasi, kwamba anayechoma watoto wa msitu naye atanyimwa wake. Rotich, aliyemtangulia Mukhisa, alipanda ukingoni akiwa na watoto wawili, na miaka yote aliyokaa pale hakuongeza. Alipogombana na msimamizi akashushwa kwenda kuvuta magogo kwa ng'ombe, mkewe akazaa mapacha. Walisema ni kwa sababu Rotich alichinja kondoo chini ya mti mkubwa. Mimi mwenyewe niliwahi kula nyama ya kondoo huyo na kuamini.

Jumapili nilipanda Saboti kwa baiskeli ya kuazima. Njia nzima nilipanga maneno ya upole. Nilipomwona Mukhisa, maneno yote yakakimbia.

Sisi wote wa nyumba ile tuna kiburi, lakini kiburi cha Mukhisa kilikuwa na ndevu. Alinisikiliza habari ya themosi akitabasamu. Nilipofika kwenye ukingo wa boila tabasamu likatoka. Aliniuliza kama nimetumwa kuja kumwambia kwamba yeye si mwanamume. Alisema kitandani hana shida yoyote, nimuulize Sellah kama nina ujasiri. Nikamjibu kwamba yule fahali naye hakuwa na shida ya kupanda. Hapo akanishika shingo ya shati, na kwa kuwa ni mkubwa kuliko mimi, visigino vyangu viliacha ardhi.

"Wameniambia niingie nyumbani kwako," nikasema.

Hakuniachia mara moja. Vidole vililegea kimoja kimoja.

"Nani?"

Nilimwambia yote. Mavuno, Lwakhakha, ng'ombe wa mahari, jembe lililolala kitandani kwa Sellah. Sikumtaja senge kwa ubaya, nilisema tu kwamba amekosa njia nyingine. Mukhisa aliketi juu ya gogo, akatazama mikono yake, ambayo ilikuwa na makovu ya cheche mpaka viwikoni. Kisha akauliza kwa sauti ndogo, sauti ambayo sikuwahi kuisikia kwake, kama mashine ya Kipruto inaweza kumtazama mtu.

Hospitali aliikataa. Alisema hospitali ya Kitale imejaa watu wa Bungoma, na mtu akienda pale na kidonda cha mguu, Mabanga wanapata habari kabla hajafungwa bendeji. Ng'ombe hawasengenyi. Akaja shambani siku ambayo mzungu alikuwa amekwenda Eldoret.

Kipruto hakumfanyia mzaha hata kidogo, na nilimshukuru kwa hilo, maana mzaha ulikuwa chakula chake. Alimuuliza maswali. Je, amewahi kuugua matubwitubwi akiwa mtu mzima, uvimbe ukashuka kutoka mashavuni mpaka chini? Hapana. Alipata homa kali karibuni? Hapana. Anakunywa pombe? Sisi ni watu wa Friends, Mukhisa akasema, na Kipruto akamwambia hakuulizwa kanisa. Hapana, hanywi. Anakaa juu ya moto saa ngapi? Siku nzima. Na blanketi? Na blanketi. Kipruto akavuta pumzi kwa meno, akampa kichupa kilichooshwa vizuri na kumwonyesha ghala la nyasi.

Mimi nililinda mlango. Wakamuaji wawili walikuja kuchukua nyasi, nikawaambia ndani kuna nyoka. Wakataka kuja na fimbo wamuue. Nikasema ni nyoka mdogo, mtu wangu yuko ndani anamshughulikia. Mukhisa alitoka akiwa amekibana kile kichupa kwapani kwa mwendo huo mfupi, kama alivyoagizwa, kisipate baridi wala jua, akitembea kama mtu aliyebeba yai. Alipita mbele ya ng'ombe arobaini bila kuwatazama usoni.

Kipruto alitazama kwa muda mrefu. Alisogeza kioo huku na huku, akatazama tena.

"Wapo," akasema.

Mukhisa alikuwa ameshika nguzo ya banda.

"Wapo, lakini ni wachache. Wengi wamekufa. Wengine mikia imepinda, wanazunguka hapo hapo. Lakini iko wachache wanakwenda. Njoo uone mwenyewe."

Kaka yangu aliinama. Mabega yake mapana yaliifunika ile meza yote. Alikaa hivyo mpaka nikadhani amesinzia. Niliona jasho likimtiririka nyuma ya shingo, na siku yenyewe ilikuwa ya mawingu.

"Huyu moja anakwenda," alisema mwishowe, kwenye kioo, si kwetu. "Anakwenda peke yake."

Kipruto alimweleza bila kumficha na bila kumpaka asali. Mbegu ya mtu hukomaa kwa muda wa miezi miwili na nusu au zaidi, kwa hiyo hata akishuka kwenye ukingo leo, zitakazotoka kesho na mwezi ujao ni zile zilizopikwa jana. Aache ngozi, aache blanketi, avae nguo iliyolegea. Asubiri miezi mitatu, minne. Zinaweza kurudi. Kwa Rotich, nikaongeza mimi, zilirudi. Kuahidi hawezi, kwa sababu hata fahali hawarudi wote.

Mukhisa alirudi Saboti akamwambia msimamizi kwamba anataka kushuka. Msimamizi alidhani amelewa. Kabla ya saa sita mchana kijana mwingine alikuwa amekwisha kupanda ukingoni, anacheka, na Mukhisa yuko kwenye matope mpaka magotini na jozi nane za ng'ombe, anavuta gogo. Waliomwita bwana mkubwa wiki iliyopita sasa walimwita Mukhisa tu.

Lakini mahindi hayakungoja. Yalikuwa yamekwisha kukauka, na habari zilikuja kwamba kina Sellah wameitwa Jumamosi ya pili ya Desemba. Nilimwambia Mukhisa kwamba iko njia moja tu, asimame mbele ya boma aseme ukweli ili apewe muda. Akanijibu kwamba anaweza kuvuta magogo mpaka afe, lakini hilo hawezi. Akilisema mbele ya baba mdogo Zachary, kesho yake watoto wa shule watakuwa wanaliimba. Heshima ya ukingo ametoa. Nilitaka atoe nini tena?

Nilimwambia kwamba Sellah ametoa zaidi. Tukaachana hivyo.

Jumamosi hiyo uani kwa Zachary kulikuwa na mahindi yaliyotandazwa kila upande, na watu waliketi katikati kwenye viti na magunia. Kaka wawili wa Sellah walikuwa wamefika kutoka Lwakhakha na baiskeli moja. Sellah aliketi mlangoni kwa senge. Miguuni pake palikuwa na mzigo uliofungwa kwa shuka la harusi, umejaa, fundo limekazwa. Mukhisa alikuwepo, ameinamisha kichwa.

Zachary aliomba, kisha akasema. Kusema alijua, ni mzee wa kanisa. Alisema hakuna aliyemkosea mwenzake. Mungu hufungua na Mungu hufunga, na tumbo hili amelifunga, na watu wapole huachana kwa amani. Akauliza kama kuna mwenye neno.

Mimi nilikuwa na neno. Nilikuwa na maneno ya kuunguza paa la boma lile lote. Lakini senge Dinah, aliyeketi karibu nami, alinishika kifundo cha mkono na kunikandamiza, na macho yake yalikuwa kwa Mukhisa. Nikaelewa. Ningelisema mimi, lingekuwa tusi.

Kaka mkubwa wa Sellah akasimama. Alisema dada yao watamchukua, lakini si kama chungu kilichopasuka. Wanataka kusikia kosa lake.

Zachary akasema hana kosa, ni Mungu tu.

Ndipo Mukhisa aliposimama.

"Mungu hajafunga kitu," alisema. "Ni mimi. Nimekaa juu ya moto miaka sita, mbegu yangu imeungua. Nimeiona kwa macho yangu."

Mmoja wa binamu zetu akauliza kwa sauti laini:

"Umeiona wapi, Mukhisa?"

"Kitale. Kwa mashine ya ng'ombe."

Kicheko kilianzia nyuma kwa vijana, kikapita kwa akina mama, kikafika mpaka kwa yule kaka mdogo wa Sellah, aliyejificha mdomo kwa kofia. Mtu fulani alilia kama fahali. Kaka yangu alisimama pale, mikono imening'inia, na aliacha kicheko kimpige mpaka kikachoka.

"Chekeni. Mkimaliza nitaendelea," akasema. Na walipomaliza akaendelea. "Huyu mwanamke amekunywa dawa miaka minne kwa ugonjwa ambao ni wangu. Mimi sijakunywa hata moja. Boila nimeacha, sasa navuta magogo. Nimeambiwa ningoje. Labda itarudi, labda haitarudi, sijui. Lakini kama kuna mtu wa kurudishwa kwao leo, ni mimi, na mimi sina kwingine kwa kurudi. Kwetu ni hapa."

Zachary alijikuna kidevu. Alisema ukoo hauwezi kungoja dawa za mifugo. Alisema, kwa kuzunguka sana, kwamba zamani nyumba yenye shida ilikuwa ikisaidiwa kwa siri na aibu isionekane, na macho yake yakanijia.

"Hiyo njia naijua," Mukhisa akamkatiza. Sikuwahi kumsikia mtu akimkatiza baba mdogo. "Ndugu yangu aliniambia mwenyewe. Nyumba yangu haiingiwi."

Senge aliniachia mkono. "Ni mimi nilimtuma," akasema mbele ya wote. "Nilitaka msichana asitoke. Sikujua ingine."

Zachary alitazama watu wake, akaona kwamba hakuna aliyekuwa akicheka tena, akasema basi, neno libaki kwa wageni. Kaka mkubwa wa Sellah alimgeukia dada yake na kumuuliza kama anatoka au anabaki. Alisema baiskeli iko tayari, na kwao hakuna atakayemsema.

Sellah alikuwa akimtazama mumewe.

"Ulijua lini?" akamuuliza.

"Mwezi wa kumi."

"Na mimi nasikia leo. Hapa uani, pamoja na kuku."

"Niliogopa," Mukhisa akasema.

Neno hilo hakuna mtu pale aliyewahi kulisikia likitoka kinywani mwake. Sellah alikunja kanga yake, akaikunjua, akaifunga upya kiunoni. Kisha akawaambia kaka zake warudi salama, wamsalimie mama, wamwambie bado hajamaliza huku. Akasimama.

"Lakini hapa Mabanga sikai," akamwambia Mukhisa. "Kila mtu hapa ameshika tumbo yangu mpaka nimechoka. Naenda na wewe Saboti, kwenye hiyo matope yako. Tutangoja wote. Isiporudi, tutaongea mimi na wewe, si na baraza." Akaonyesha chini kwa mguu. "Na hiyo mzigo ubebe wewe."

Kwetu mwanamume habebi mzigo kichwani mbele ya wazee, na mzigo wa nguo za mwanamke hata begani haubebi. Zachary alifungua kinywa. Yule binamu wa sauti laini aliinama kumnong'oneza jirani yake. Mukhisa alitazama lile shuka la harusi na fundo lake, kisha akaliinua kwa mikono miwili na kuliweka kichwani. Halikukaa vizuri, hakujua namna. Liliinamia upande mmoja na kumfunika jicho.

Walipita kati ya mahindi yaliyotandazwa, wakatoka kuelekea barabara ya basi. Watoto waliwafuata wakipiga kelele za ng'ombe mpaka walipochoka. Sellah alikuwa mbele, mikono mitupu, akitembea kwa haraka, na hakugeuka hata mara moja kutazama kama anafuatwa.